Ahadi ya kurejea mtaa ukijengwa upya

SWALI: Mtaa wetu wa nyumba za umma umepangiwa kubomolewa na kujengwa upya, na mamlaka ya nyumba imetuahidi kwa barua kwamba kila mpangaji atarejea. Tuikague vipi ahadi hiyo kabla ya kutia saini?

JIBU: Ndugu msomaji, anzeni na ratiba ya ujenzi, kwa kuwa hapo ndipo ahadi ya namna hii hutimia au huvunjika. Majengo yote yakibomolewa kwa pamoja, familia hutawanyika kwa miaka mingi, watoto huzoea shule nyingine, baadhi ya wazee hufariki, na waliosalia wengi hukosa nguvu ya kuhama mara ya pili, hata kama barua zao bado ni halali. Daini mradi uende kwa awamu: jengo la kwanza lisimame kwenye sehemu iliyo wazi, wapangaji wahamie humo, ndipo walikotoka pabomolewe. Anayehama mara moja tu, tena hatua chache kutoka mlangoni pake, hapotezi majirani zake.

Kisha angalieni ni nani anayehesabiwa kuwa mpangaji. Katika mpango wa kujenga upya nyumba za umma ulioanza Chicago, Marekani, mwaka 2000, haki ya kurejea ilikuwa ya waliokuwa na mikataba tarehe 1 Oktoba 1999 na waliotimiza masharti. Je, mkataba wenu unamtambua mtu mzima aliyekulia humo bila jina lake kuandikwa? Na mwenye deni la kodi?

Mkiahidiwa nyumba za kodi «nafuu», neno hilo lisiwatosheni. Huko Regent Park, Toronto, Kanada, mtaa wa nyumba za umma ulioanza kujengwa upya mwaka 2005, ilitajwa idadi kamili ya nyumba za kodi inayofuata kipato ambazo zingerudishwa, yaani 2,083, ingawa baadhi zilijengwa nje ya mtaa. Kwa hiyo yaandikwe yote: idadi, vyumba, mahali, kanuni ya kodi, na atakayelipia lifti na usafi.

Binafsi ningehoji hata ubomoaji wenyewe. Huko Bordeaux, Ufaransa, wasanifu majengo Anne Lacaton na Jean-Philippe Vassal, pamoja na wenzao, walizipanua nyumba 530 zilizomo katika majengo matatu ya ghorofa ya mtaa wa Grand Parc kwa kuziongezea vibaraza vya vioo, wapangaji wakiendelea kuishi humo. Ombeni ripoti ya mhandisi kuhusu nguzo na mihimili ya majengo yenu. Ikionyesha kwamba bado ni imara, mamlaka ieleze kwa maandishi kwa nini yasikarabatiwe.