Akii-Bua: bingwa wa viunzi aliyerudi nyumbani kufundisha

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu wa michezo katika shule ya msingi wilayani Kongwa. Tukiwaandaa wanafunzi kwa ajili ya UMITASHUMTA, mashindano ya michezo ya shule za msingi Tanzania, mwenzangu alidai kwamba John Akii-Bua wa Uganda alitwaa dhahabu moja ya Olimpiki kisha akatoweka michezoni. Je, ni kweli? Na sisi tusio na viunzi, tunaowarukisha watoto mabua ya mtama yaliyolazwa juu ya matofali, tunaweza kujifunza nini kwake?

JIBU: Mwalimu, Akii-Bua hakutoweka. Askari polisi huyo, aliyezaliwa mwaka 1949, alishinda mbio za mita 400 za kuruka viunzi mjini Munich tarehe 2 Septemba 1972 kwa sekunde 47.82, akawa mtu wa kwanza duniani kuzikimbia chini ya sekunde 48. Alikuwa amepangiwa njia ya kwanza, ile ya ndani kabisa, ambayo kona yake ni kali na haina rehema kwa mkimbiaji mwenye hatua ndefu. David Hemery wa Uingereza, aliyekuwa akishikilia rekodi ya 48.12, alimaliza wa tatu.

Yaliyomkatiza hayakutokana na uvivu wake. Mwaka 1976 nchi nyingi za Afrika, Tanzania ikiwamo, zilisusia michezo ya Montreal kwa sababu New Zealand ilikuwa imecheza raga na Afrika Kusini ya makaburu, na ni huko huko Edwin Moses wa Marekani alikoivunja rekodi ya Akii-Bua. Utawala wa Idi Amin ulipoanguka mwaka 1979, Akii-Bua alikimbilia Kenya pamoja na familia yake, kisha akaenda Ujerumani Magharibi. Alishiriki tena Moscow mwaka 1980, akaishia nusu fainali, na hatimaye akarejea Uganda, ambako alikuwa kocha hadi alipofariki mwezi Juni 1997 akiwa na umri wa miaka 47 tu. Naona ni dhuluma kuisahau miaka hiyo ya ukocha, kwa kuwa ujuzi alioupata kwa kocha wake, Mwingereza Malcolm Arnold, na kwa mazoezi magumu ya kuruka viunzi akiwa amevaa fulana yenye uzito, ulirudi pale ulikohitajika zaidi.

Kuhusu mabua yenu, msiyaonee haya. Kiunzi cha wanaume katika mbio hizo kina sentimita 91.4, kimo kisichomfaa mtoto, ilhali bua likiguswa huvunjika bila kuumiza goti. Jambo la kufundisha mapema ni kuruka kwa mguu wowote, kama Akii-Bua alivyoweza, kwa sababu mkimbiaji akichoka hatua zake hufupika, naye aliyezoea mguu mmoja hulazimika kusitasita mbele ya kiunzi na kupoteza kasi yote aliyoijenga. Anzeni na bua moja lililo chini, na wale waliozoea kutanguliza mguu wa kulia watangulize wa kushoto.