Kumbikumbi si sisimizi walioota mbawa

Je, kumbikumbi ni sisimizi wakubwa walioota mbawa? Hapana, ni mchwa waliokomaa kwa ajili ya kuzaliana, na kinasaba mchwa wako karibu zaidi na mende, ilhali sisimizi ni wa kundi moja na nyuki na nyigu.

Ili kuwatofautisha, mtazame mdudu kiunoni kwanza. Sisimizi, hata akiwa na mbawa, ana kiuno chembamba sana kati ya kifua na tumbo, vipapasio vyake vimepinda kama kiwiko, na mbawa zake za mbele ni ndefu kuliko za nyuma; kumbikumbi hana kiuno hicho, vipapasio vyake vimenyooka, na mbawa zake nne zinakaribia kulingana kwa urefu na umbo. Mimi huiamini zaidi alama ya kiuno, kwa kuwa inabaki hata mbawa zikishadondoka.

Rangi na ukubwa visitumike kuamua, kwa sababu spishi hutofautiana mno, wala wakati wa kuruka hautoshi, maana makundi yote mawili huweza kutoka kwa wingi mvua ikishanyesha. Hata kudondosha mbawa si ushahidi kamili: kumbikumbi wa kiume na wa kike huziacha mara baada ya kutua, lakini malkia wa sisimizi naye huzing'oa zake akishapandwa. Dume la sisimizi hufa muda mfupi baada ya kumpanda malkia, ilhali dume la mchwa huishi na malkia wake chini ya ardhi na kuendelea kumpanda.