Simu imenifungia nje, sasa nifanyeje?

Maswali ya wiki hii yamekuwa mengi lakini nimechagua matatu juu yanazunguka jambo moja, mtu amesahau namba ya kufungua simu, au hakuwahi kuijua, na ndani kuna vitu anavihitaji sana. La kwanza nitalijibu kwa urefu, mnivumilie, najua kuna watu hapa Nairobi saa hii wako kwa matatu wanaelekea Luthuli kutafuta fundi na ningependa wasome hii kabla hawajashuka.

SWALI: Habari fundi. Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Kayole, na pia ndio mweka hazina wa chama chetu. Simu yangu ni Tecno, niko nayo mwaka wa pili. Wiki iliyopita nilibadilisha pini juu kijana wangu alikuwa ameijua anaamka usiku kucheza gemu, nikaweka namba sita mpya halafu nikawa nafungua na kidole tu siku zote hizo. Jana chaji iliisha ikazima, kuwasha ikakataa kidole ikataka pini, na mimi hiyo namba imepotea kabisa kichwani. Nimejaribu mpaka inaniambia ningoje. Picha za kitinda mimba wangu akizaliwa ziko humo, mambo ya chama yako humo, na pesa ya chama iko kwa laini hiyo hiyo. Kuna fundi wa hapa mtaani amesema atatoa paswadi bila kufuta chochote, elfu mbili na mia tano. Nimpe? Aki nisaidie, sijalala.
Mama wa wawili, Kayole

JIBU: Mama, pole sana, na usimpe hiyo pesa. Ngoja nikueleze kwa nini, lakini kabla ya yote toa laini kwa hiyo simu sasa hivi uiweke kwa simu nyingine yoyote, hata kabambe. Pesa ya M-Pesa haikai ndani ya simu, iko kwa mitambo ya kampuni na inafuata laini na pini yako ya M-Pesa, ambayo ni tofauti na hii uliyosahau. Piga *334# uangalie salio, utaona iko vile uliiacha, na hapo hapo kwa menyu unaweza kuitisha statementi ya miezi iliyopita ikutumiwe kwa imeli, kwa hivyo michango ya wanachama iliyopitia hiyo laini haijapotea hata kidogo. Fanya hilo leo ndio upate usingizi, mengine yanaweza kungoja.

Sasa kuhusu kidole kukataa, simu haijaharibika. Ukiizima na kuiwasha, Android na iPhone zote zinadai pini kwanza kabla ya kukubali kidole au uso, na Android hata bila kuzimwa itakuuliza pini kila baada ya muda, kama masaa 72 hivi. Sababu ni kwamba vitu vyako ndani vimefichwa kwa lugha ya siri, na ile namba yako ikichanganywa na ufunguo mwingine ulio ndani ya chipu ya simu ndio inatengeneza ufunguo wa kuvifungua. Mpaka uingize namba, zile picha ni vurugu tupu hata kwa aliyetengeneza simu. Google ilifanya ulinzi huu kuwa lazima kwa simu zote mpya zinazotoka na Android 10, hiyo ilikuwa 2019, kwa hivyo yako ya juzi juzi imo.

Ndio maana nasema fundi anayekwambia atatoa paswadi bila kufuta kitu kwa simu mpya kama yako hakuambii ukweli, ama anakumbuka simu za zamani. Zamani kweli, kwenye Android 4.4 kurudi nyuma, ukikosea pateni, ule mchoro wa kufungua simu, mara kadhaa simu ilikuletea njia ya kuingia na akaunti ya Google na unakuta kila kitu mahali pake. Hiyo njia iliondolewa. Siku hizi anachofanya fundi ni kuiflashi, na kuiflashi ni kufuta. Mimi mwenyewe nilipitia hii kabla sijaanza kazi ya simu, nilimwachia mtu simu yangu akaniambia nizunguke nirudi baada ya dakika kumi, nikarudi nikapewa simu safi kama imetoka dukani, na picha za mwisho za nyanya yangu zikawa zimeenda. Nilimlipa na nikamshukuru, nilikuwa sijaelewa. Mpaka leo hiyo inaniuma na ndio sababu naandika hapa.

Kwa hivyo mama jiulize kwanza, unachotaka ni simu au ni vilivyo ndani? Simu ni rahisi, inarudi. Vilivyo ndani tutafute vikiwa nje.

Chukua simu ya mtu unayemwamini, au kompyuta, ingia photos.google.com na ile imeli iliyokuwa kwa simu yako. Watu wengi waliwasha bakapu ya picha, ile nakala inayowekwa mtandaoni, siku ya kwanza ya simu bila hata kujua, walibonyeza tu kukubali. Ukikuta za mtoto ziko hapo, nusu ya barua yako imejibiwa. Kama na paswadi ya imeli umesahau, itisha kodi, yaani namba ya siri ya muda, ya kuirudisha, na kama uliwahi kuweka namba yako ya simu huko itakuja kwa meseji, unaona sasa kwa nini nilisema utoe laini kwanza. Fanya hivyo ukiwa nyumbani kwa waifai uliyozoea kutumia, na kama kuna kifaa ulichowahi kuingilia tumia hicho, Google wanakuamini zaidi ukitokea mahali wanapokujua. Majina ya watu angalia contacts.google.com. Halafu, simu yako ina memori kadi? Kama picha zilikuwa zinaenda kwa kadi na hukuifanya kuwa sehemu ya simu yenyewe, itoe uiweke kwa simu nyingine zitafunguka kawaida. Watu husahau hii kadi kabisa.

Ya chama kwa WhatsApp usiwe na presha sana, meseji za grupu ziko kwa simu ya kila mwanachama, mwambie mmoja akutumie zile hesabu ulizokuwa unaweka kila mwezi.

Kuhusu hiyo pini, usiache kujaribu lakini jaribu kwa mpango. Chukua karatasi uandike kila namba ambayo umeshajaribu, juu mtu akiwa na wasiwasi anarudia ile ile mara tano bila kujua na simu inazidisha muda wa kungoja. Kisha uiweke chini, ulale. Asubuhi keti pale ulipokuwa umeketi siku unaibadilisha, shika simu vile unashikaga, na uache kidole kiende chenyewe usifikirie tarakimu, mara nyingi mkono unakumbuka kitu ambacho kichwa kimesahau. Fikiria pia ulikuwa unamkwepa kijana, kwa hivyo hukuweka tarehe yake ya kuzaliwa wala yako, uliweka kitu ambacho yeye hawezi kukijua. Pengine mwaka wa kitu cha zamani, namba ya nyumba mliyokuwa mnaishi, namba yako ya shule. Mimi ningejaribu hata wiki mbili kabla ya kukata tamaa. Hakuna haraka, simu iliyofungwa haiozi, na laini yako inafanya kazi kwingine.

Ikishindikana kabisa, basi ifute, na hiyo unaweza kujifanyia bure. Zima simu, shika kwa pamoja kitufe cha kuwasha na cha kuongeza sauti mpaka itokee menyu nyeusi, shuka kwa kitufe cha sauti mpaka pale pa kufuta data yote, bonyeza cha kuwasha kukubali. Ikiwaka itakuuliza akaunti ya Google iliyokuwepo, huu ni ulinzi dhidi ya wezi ulioanza na Android 5.1 mwaka 2015, kwa hivyo usifute kabla hujahakikisha unaijua hiyo imeli na paswadi yake. Na kama paswadi ya imeli umeibadilisha juzi, ngoja masaa 24 kwanza. Nimeona watu wakifuta kwa haraka halafu wanakwama kwa huo mlango wa pili na hapo ndio fundi anawalipisha vizuri.

Nyinyi wengine mnaosoma hii na kidole bado kinafungua lakini pini mmesahau, msizime simu! Iweke kwa chaji, hamisha picha na kila kitu leo, juu bila pini ya zamani haitakuruhusu kuweka mpya. Na kama uko na iPhone ya iOS 17 kwenda mbele na umebadilisha namba chini ya masaa 72, ukikosea mara kadhaa utaona njia ya kusema umesahau na hapo unaweza kutumia ile namba ya zamani. Samsung kadhaa za karibuni pia ziko na kitu kama hicho.

SWALI: Nilinunua iPhone ya mkono wa pili hapo Moi Avenue, muuzaji akanisaidia kuiwasha. Nimesahau kodi, sasa imefungwa. Rafiki yangu akaifuta na kompyuta lakini inataka Apple ID ya mtu simjui. Niko campo, hii simu nilijinyima nikaweka akiba muhula mzima.
Mwanafunzi, Ngara

JIBU: Mdogo wangu, hii inaniumiza juu kodi si shida tena. Kukosea kodi kwa iPhone mara kadhaa kunakufungia kwa muda, kisha muda unaongezeka mpaka inajifunga, na kuifuta kunaondoa kodi kweli. Lakini Apple waliweka kufuli lingine mwaka 2013, simu inabaki imeshikana na akaunti ya mwenye nayo hata ukiifuta mara mia. Inamaanisha simu iliuzwa kabla mwenyewe hajatoka kwa akaunti yake.

Rudi kwa aliyekuuzia, na risiti kama unayo, na meseji ya M-Pesa ya siku ulimlipa. Kama alipata simu kwa haki anaweza kumpigia mwenyewe, na huyo mwenyewe hahitaji kuishika, anaingia icloud.com akiwa popote, anaiondoa kwa akaunti yake, umemaliza. Hiyo ni dakika chache tu. Akianza kukuzungusha, akatae hata kukupa namba ya mwenyewe, itisha pesa zako zote, na usikubali akutume kwa mtu wa kuibaipasi, yaani kuruka hilo kufuli kwa ujanja, huwezi kujua kama hiyo simu ilinyang'anywa mtu stejini. Siku nyingine ukinunua hakikisha imefutwa mbele yako na ikawaka yenyewe bila kudai akaunti ya mtu, ndio utoe pesa.

SWALI: Baba yetu alituacha mwezi wa pili. Simu yake iko na mimi, imefungwa na hakuna anayejua pini. Sitaki pesa, nataka tu sauti yake, alikuwa anapenda kutuma voisi za WhatsApp. Naweza kufungua?
Kifungua mimba, Umoja

JIBU: Pole sana wewe na nyumba yenu.

Sitakudanganya, kwa pini isiyojulikana hiyo simu haitafunguka bila kufutwa, kwa hivyo tafadhali usiifute na usimpe mtu aifute. Iweke. Imeli yake, Google wana utaratibu wa familia kuomba vitu vya aliyefariki, wanadai cheti cha kifo na wanachukua muda, na hawatoi paswadi, lakini kama picha zake zilikuwa kwa bakapu kuna uwezekano. Upande wa M-Pesa msijaribu kubahatisha pini, nendeni duka la kampuni na cheti cha kifo na vitambulisho, hata kama ni mia mbili tu iko humo. Na mjue laini isiyotumika muda mrefu inachukuliwa na kupewa mtu mwingine, kwa hivyo kama kuna akaunti zake mnazotaka kufunga na zinatuma kodi kwa hiyo namba, muanze mapema.

Lakini sauti yake haiko kwa simu yake peke yake. Kila voisi aliyotuma iko pia kwa simu ya aliyetumiwa. Fungua gumzo yako na yeye, nenda kwa menyu utoe gumzo yote pamoja na vitu vyake uitume kwa imeli yako. Fanya hivyo kabla hujabadilisha simu. Halafu waambie ndugu zako kila mmoja afanye vile vile, na mjomba, na shangazi, na rafiki zake wa kazini, na wale wazee wa kanisa aliokuwa nao kwa grupu. Mama pia, pengine ndiye yuko na nyingi kuliko wote.