Kabla ya kushusha faili la DLL, jua ni la nani

Kompyuta ikikuandikia kwamba programu haifunguki kwa kuwa MSVCP140.dll haipo, usilitafute faili hilo peke yake mtandaoni. Kwanza jua limetoka kwenye kifurushi gani. Nafanya ufundi wa kompyuta hapa Ngamiani, Tanga, na naona jinsi tatizo hili dogo linavyowatia watu hasara. Mtu anaambiwa mashine imeharibika, ipigwe windo upya, na picha za watoto na kazi za miaka zinakwenda na maji.

DLL ni maktaba ya pamoja. Anayetengeneza programu ya hesabu za duka haandiki kila kitu mwenyewe. Kazi ambazo programu nyingi huzihitaji huwekwa kwenye faili moja, kila programu ikaja kuliazima. Ni kama masufuria ya shughuli pale mtaani: hakuna nyumba inayonunua sufuria la pilau la watu mia tatu, lipo moja na mwenye harusi huliomba. Nafasi inaokolewa, na likikarabatiwa mara moja wote wamenufaika. Lakini siku likikosekana, wote waliolitegemea wamekwama. Windows imekuwa na mafaili haya tangu toleo lake la kwanza, mwaka 1985. Kwenye Linux utayakuta yana mkia wa .so, kwenye Mac .dylib, na utaratibu ni uleule.

Mwalimu mmoja mstaafu aliniletea laptop yake akiwa tayari ameshashusha faili na kulibandika ndani ya folda ya System32. Ujumbe ulikuwa umebadilika, sasa unataja namba 0xc000007b.

"Mwanangu, si walisema halipo? Nimewaletea."

"Umelileta baba, ila hili ni la biti 32, na programu yako ni ya biti 64."

Biti 32 na biti 64 ni aina mbili za programu, na DLL la aina moja halifanyi kazi kwenye nyingine. Jina la folda ndilo linalowapoteza wengi. Kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64. Yale ya biti 32 hukaa SysWOW64. Tulilifuta lile la kushusha, tukasakinisha kifurushi kizima chenye faili hilo, kinachoitwa Visual C++, kutoka tovuti ya Microsoft, cha x64 (biti 64) na cha x86 (biti 32), tukazima mashine na kuiwasha. Programu ikafunguka. Ni bure, na kila kimoja hakifiki megabaiti 30, kwa hiyo hata bando dogo linatosha. Weka vyote viwili, maana programu ya biti 32 inataka x86 hata kama mashine yako ni ya biti 64.

Jizoeze kusoma majina. MSVCP140 na VCRUNTIME140 yanatoka kwenye kifurushi cha Visual C++ cha kuanzia 2015 na kuendelea. MSVCR120 ni la 2013, MSVCR110 la 2012, MSVCR100 la 2010, na kifurushi kipya hakizibi pengo la hivyo vya zamani. Vijana wa magemu mkiona d3dx9_43.dll, hilo ni la DirectX, kifurushi cha picha za magemu, toleo la Juni 2010, nayo ipo kwa Microsoft. Jina usilolitambua kabisa mara nyingi ni la programu yenyewe: iondoe, uisakinishe upya. Angalia pia kama antivirusi haijalifungia faili hilo.

Zile tovuti zinazogawa DLL mojamoja naziogopa kwa dhati. Hujui nani kaligusa faili, na DLL si picha wala barua. Ni programu inayoendeshwa kwa ruhusa zote za ile iliyoliita. Kirusi hakihitaji mlango mwingine.

Ikiwa faili lililoharibika ni la Windows yenyewe, fungua dirisha la amri (Command Prompt) kama msimamizi, andika sfc /scannow, uache limalize bila kuzima mashine. Windows itakagua mafaili yake na kurudisha yaliyo sahihi.

Na ukipita kwenye orodha ya programu ukakuta Microsoft Visual C++ imejipanga mistari saba au minane yenye miaka tofauti, usiifute ukidhani imejirudia. Kila mstari huenda kuna programu inayoutegemea.