Hii nyama katafuna nani?

Mhariri, swali lenu la wiki hii limenikuta namenya vitunguu, nikaweka kisu chini. Mmeuliza: "Je, matunda yana nafasi kwenye sufuria ya nyama, au tunaiga tu Wazungu?" Jibu langu ni hapana, hayana nafasi. Nyama iliwe kama nyama, na tunda lije baadaye, la baridi, mtu akiwa ameshalegeza mkanda. Ningeishia hapo, ila kwa jambo hili nina kidonda, na mmekitonesha.

Kwanza hilo la kuiga nalikataa. Mimi ni mtu wa Songea niliyeolewa Kibosho. Ukiolewa Uchagani halafu ukasema tunda halipikwi na nyama, watakuuliza machalari ni nini. Si ndizi na nyama? Na mtori anaolishwa mzazi mpaka mashavu yang'ae, si ndizi na nyama tena, ila zimepondwa? Wifi yangu mmoja alinibishia kwamba ndizi ya kupika si tunda, ni chakula, na alisema hivyo huku anamenya kisukari mbivu kwa mkono wa pili. Pwani nako pilau la shughuli hutiwa zabibu, mchuzi wa samaki huwekwa embe bichi, na ukwaju uko kila mahali. Nyanya yenyewe ni tunda, waulizeni walimu wa biolojia. Kwa hiyo kama ni kuiga, tulianza zamani sana, na sijui tulimwiga nani.

Lakini bado nasema hapana, na sababu yangu ni Krismasi moja.

Marehemu mama mdogo wangu alipika miaka mingi kwenye jiko la masista Peramiho. Wabenediktini, wale watawa wa Kikatoliki, walifika pale mwaka 1898 kutoka Ujerumani, na walikuja na midomo yao. Kaskazini mwa Ujerumani nyama ya nguruwe huokwa na plamu kavu na tufaha, na kule Hamburg wana chakula chao cha pea, maharage mabichi na nyama ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi, vyote sufuria moja. Sasa Peramiho plamu kavu utazipata wapi? Mama mdogo alitumia alichokuwa nacho: zabibu kavu mahali pa plamu, nanasi mahali pa tufaha. Aliandika yote kwenye daftari la shule, lile lenye jedwali la kuzidisha nyuma ya jalada. Ukurasa una doa la mafuta, na juu umeandikwa kwa kalamu ya wino: Nguruwe wa Noeli. Mstari wa nne unasema, "Nanasi 1, lichemshwe kwanza, maji yamwagwe."

Mimi nilisoma Sayansi Kimu. Nilijua kwamba vitamini C huharibika kwa moto. Nikajiambia mama mdogo alikuwa mpishi mzuri lakini hakusoma, utamwagaje maji ya nanasi, utamu wote na faida yote kwenye mtaro? Mstari wa nne nikauruka.

Mnajua Desemba ya Moshi ilivyo. Mabasi yamejaa, kila nyumba ina magari yenye vumbi la Chalinze, na kila mke wa mtoto wa kiume anapimwa kimyakimya. Ulikuwa mwaka wangu wa pili wa ndoa. Tarehe 24 nilinunua kilo 4 za paja, nikazikata vipande vidogo vya ukubwa wa kiberiti. Nanasi nikalitwanga kwenye kinu, bichi, pamoja na tangawizi na vitunguu saumu. Nikachanganya kila kitu kwenye ndoo yenye mfuniko, nikaweka kwenye friji ya mama mkwe mpaka asubuhi. Wifi alichungulia, akauliza mbona nyama imetiwa juisi. Nikamwambia asubiri.

Asubuhi, baada ya misa ya kwanza, nikapalia moto. Kwa wasomaji wadogo waliozaliwa na oveni: kupalia ni kuweka makaa chini ya sufuria na makaa mengine juu ya mfuniko, na ya juu ndiyo yawe mengi, la sivyo chini kunaungua na juu kunabaki kweupe. Nilipanga vitunguu chini, nyama, zabibu, karafuu nne, nyama tena, na vipande vya nanasi juu vilivyopangwa kama vigae. Nikafunika kwa bati. Saa mbili nzima nilikaa kwenye kigoda, napepea, majivu kwenye nywele, moshi machoni, na nimevaa kitenge kipya kwa ujinga wangu. Harufu ilianza kutoka baada ya dakika kama arobaini. Wallahi hakuna harufu kama ile! Watoto waliacha mpira. Baba mkwe alitoka nje mara mbili akijifanya anamtafuta mbwa.

Nilipofunua, juu kulikuwa kahawia kama mkate wa kumimina, zabibu zimevimba zinang'aa. Watu kama ishirini wamekaa. Nikatumbukiza upawa ili nipakue kwa madaha, na upawa ukazama. Ukazama kama kwenye uji wa ulezi. Niliuinua, ukaja na kitu ambacho hakikuwa nyama wala hakikuwa mchuzi. Kipande ukikiona kina umbo la kipande, ukikigusa kinakuwa lojo. Mdomoni hakikuwa na nyuzi hata moja, kama maini yaliyosagwa, halafu na utamu wa nanasi juu yake.

Mama mkwe ni mtu wa heshima sana. Alitia mdomoni, akafumba midomo, nikauona ulimi wake ukitafuta kitu cha kutafuna upande huu na upande ule, ukakikosa. Akameza. Akanitazama, si kwa hasira, bali kama mtu anayetaka kweli kujua, akasema: "Mwanangu, hii nyama katafuna nani kabla yetu?"

Shemeji yangu alicheka mpaka mbege ikamtokea puani. Tangu siku hiyo chakula kile kina jina kwenye ukoo: Iliyotafunwa. Miaka kumi na mitatu sasa. Wifi zangu wakinipigia simu mwezi wa kumi na mbili, kabla ya salamu, "Mwaka huu unatuletea Iliyotafunwa?" Hata kwenye kitchen party ya binamu, mshereheshaji alipoomba mawaidha ya mapishi, kuna aliyepaza sauti kutoka nyuma. Sitamtaja.

Nilimlaumu mwenye bucha. Nilimwambia mume wangu kwamba kaniuzia nguruwe mgonjwa, na kwa mwaka mzima sikupita ule upande wa barabara. Mungu anisamehe, na yeye pia, maana hakuwa na kosa.

Ukweli nilikuja kuambiwa hapa Mbezi na jirani yangu, mzee wa Tanga anayechoma mishkaki jioni. Siku moja namwona anakuna papai bichi kwenye nyama yake ya ng'ombe. Nikamuuliza kwa nini anaangalia saa kila mara. Akasema, "Papai ni nusu saa tu, mama. Ukililaza na nyama, kesho unauza uji." Nilisimama pale na kikapu changu kama niliyepigwa kofi. Nikamuuliza kama nanasi nalo liko hivyo hivyo. Akasema nanasi ni kali zaidi. Hakuuliza nilikuwa nimelilaza na nyama gani, na mimi sikumwambia.

Nikaenda kusoma. Nanasi lisilopikwa lina kimeng'enya kiitwacho bromelini, na papai bichi lina papaini. Vyote viwili kazi yao ni kuvunjavunja protini, ndiyo maana ukila nanasi jingi ulimi unawasha. Moto huviua. Nanasi la kopo limeshapikwa kiwandani, kwa hiyo ukililaza na nyama halifanyi kitu. Na nanasi lililochemshwa nalo halifanyi kitu. Mstari wa nne! Mama mdogo aliyekuwa "hakusoma" alikuwa ameandika yote kwa maneno matano, na mimi mwenye cheti nikayaruka.

Sasa naona jibu langu la mwanzo linaanza kulegea mikononi mwangu, kama nyama yenyewe. Maana lazima niseme na hili: siku ile si wote waliocheka. Babu, baba yake baba mkwe, hakuwa na jino hata moja. Krismasi zote hizo alikuwa akitengewa mchuzi na ugali laini huku wenzake wanapambana na mbavu. Alikula sahani mbili za Iliyotafunwa. Akaomba na ya tatu, akaambiwa usiku utamsumbua, akasema usiku ni wake. Kila Desemba mpaka alipofariki nilimpikia sufuria yake ndogo peke yake, kwa makosa yale yale, nanasi bichi usiku kucha.

Na siku hizi napika, naomba niseme wazi. Napika kwenye oveni, na sufuria ya mbuzi katoliki, yaani nguruwe, nyumbani kwangu iko mbali na nyingine, maana nina majirani wanaoazima vyombo na sitaki kumdanganya mtu. Natumia bega, kilo 2, si paja, kwa sababu bega lina mafuta ya kulilinda kwenye moto mrefu. Vipande vya ukubwa wa ngumi. Nakaanga kwanza kwenye mafuta yake yenyewe mpaka viwe kahawia, natia vitunguu, tangawizi, karafuu nne, siki kidogo, nafunika, nyuzi 180, saa moja na nusu. Hapo ndipo naongeza matufaha ya kijani, yale machachu, yaliyokatwa robo robo, na nanasi lililochemshwa dakika kumi. Matunda yakiingia mwanzoni yanakuwa jamu. Nafunua nusu saa ya mwisho ili juu kukauke. Chumvi isionewe haya, kwa sababu utamu bila chumvi ya kutosha ndio unaowafanya watu waseme nyama imekuwa keki.

Na jambo moja sina utani nalo: nyama hii iive. Sisi watu wa Nyanda za Juu Kusini tegu tunalijua. Ukiona vijipunje vyeupe kama mchele ndani ya nyama, usiinunue, hata kama bei ni ya kutupa. Na makaa ya juu yanadanganya, kwa nje kahawia na katikati bado pinki. Kata kipande kinene uangalie. Oveni nayo inadanganya, ila kidogo.

Kwa hiyo jibu langu? Hapana niliyoiandika juu sitaifuta, maana nanasi bichi halina nafasi kwenye nyama ya watu wenye meno. Tufaha lina nafasi. Zabibu zina nafasi ikiwa si nyingi. Embe sijalijaribu na nguruwe na siwezi kulisemea. Ndizi mzuzu nilijaribu mara moja, ilikuwa nzuri, lakini mume wangu alisema hiyo ni machalari tu na nimechelewa. Mama mkwe alionja ile ya matufaha Pasaka iliyopita, akatafuna, akatafuna tena, akasema, "Leo wametuachia." Niliichukua kama sifa.

Mkihesabu kura zenu niwekeni upande wa ndiyo. Ila jina langu msilitoe, wifi zangu wanasoma jarida hili.

Msomaji wenu,
Mbezi, Dar es Salaam