Jibu: Je, Shinyanga ilikuwa tupu tangu zamani?
Mkuu, umeuliza kama Shinyanga ilikuwa haina miti tangu enzi. Hapana. Ilikuwa na miombo na migunga tele. Enzi za Mwingereza pori lilifyekwa kwa makusudi ili kuwatokomeza mbung'o, kisha mashamba ya pamba, wingi wa mifugo na watu kuhamishiwa vijijini miaka ya 1970 vikamalizia.

Wasukuma walikuwa na ngitili: eneo linafungwa mvua zikianza, majani yanakua, mifugo inaingizwa kiangazi kikikaza. Humo humo watu walipata kuni, dawa, asali na fito za kujengea. Mradi wa HASHI (Hifadhi Ardhi Shinyanga) ulipoanza 1986 ulifufua utaratibu huo huo. Miche iliyopandwa ndiyo iliyosifiwa (inapendeza kwenye picha), ila kwangu mimi visiki vilivyoachwa vichipue vyenyewe ndivyo vilivyorudisha pori.