Faiba imeungwa, intaneti bado inakatika: je, kosa ni la kiungo?

SWALI: Mwanangu fundi, nina stesheneri hapa Morogoro. Mwezi uliopita watu waliochimba mtaro wa maji walikata waya wa faiba unaotoka kwenye nguzo kuja dukani. Fundi alikuja akaunga, akafunga kiboksi cheusi ukutani, akaondoka. Tangu siku hiyo taa ya LOS (ile ya kuonya kuwa mwanga haufiki) kwenye modemu inawaka nyekundu, inazima, inawaka tena. Kijana wangu kaangalia kwenye modemu, kakuta mwanga unaoingia ni −27.5, zamani ilikuwa −19. Fundi anasema faiba ikishakatika hairudi kama mwanzo. Ni kweli? Halafu nataka kuihamishia modemu chumba cha nyuma, kama mita 40. Madukani kuna waya wa njano na wa chungwa, ninunue upi?

JIBU: Shikamoo mama. Hapana, si kweli. Faiba iliyochomelewa vizuri kwa mashine hupoteza chini ya desibeli 0.1 kwenye kiungo, na modemu yako wala isingeshtuka. Wewe umepoteza 8.5. Desibeli zina hesabu yake: kila zinapopungua 3, mwanga unabaki nusu. Kwa hiyo mwanga unaokufikia sasa ni kama sehemu moja ya saba ya ule wa zamani. Modemu nyingi za faiba za majumbani husoma mpaka −27 hivi, na yako imeshavuka hapo, ndiyo maana ile taa haijielewi.

Na −19 ilikuwa namba nzuri tu. Kinachokula mwanga mwingi njiani ni splita, kile kigawanyio kinachowagawia majirani: ya watu 32 peke yake inakula kama desibeli 17. Kilomita nzima ya faiba haifiki hata 0.4.

Ningekuwa hapo dukani, ningeanza kwa kufungua kile kiboksi cheusi. Kuna siku nilirudia kiungo kimoja mara tatu kwenye ofisi ya watu, mashine ikiniandikia 0.02 kila mara, na mwanga haupandi. Nimeshaanza kuilaumu mashine, ndipo nikaona uzi mmoja umebanwa na mfuniko wa trei. Nilipouachia, mita ikapanda palepale. Ile 0.02 mashine huikadiria tu kwa kuzitazama ncha kwa kamera. Haijui utaufungaje mfuniko baadaye. Faiba ya kawaida, G.652, haipendi kuzungushwa kwa nusukipenyo kilicho chini ya milimita 30. Ile ya G.657.A2 huvumilia hadi 7.5, lakini hata hiyo ukiibana inalia.

Fundi akirudi, aje na mita ya mwanga, aiweke kwenye 1490 (nanomita, urefu wa wimbi la mwanga unaokuja kwako), apime kwenye boksi la nguzoni kisha dukani. Nguzoni ikiwa −18.5 na dukani −27.5, ugonjwa uko katikati. Kwa waya mfupi kama huo tofauti isizidi 1 hivi. Nguzoni nako ikiwa −27, basi mtaro hauhusiki, kampuni ikatafute huko juu.

Akiwa na OTDR (kipimo kinachotuma mwanga kwenye waya na kuchora unapopotea), autoe kwanza waya wako kwenye splita asije akawavurugia majirani, aweke kipande kirefu cha faiba mbele ili kiungo kisimezwe na mwanzo wa mchoro, halafu apime kwa 1310 na kwa 1550. Kiungo kibovu hupoteza karibu sawa kwa zote mbili. Mkunjo hupoteza zaidi sana kwenye 1550. Hapo hakuna tena haja ya kubishana.

Kikiwa ni kiungo kweli, akikate aanze upya, na wewe simama umtazame. Kwanza apitishe kile kimrija cha kinga chenye kijiti cha chuma ndani (hakuna fundi ambaye hajawahi kukisahau, akakikumbuka baada ya kuchomelea). Avue ganda la rangi, asafishe uzi kwa spiriti ya isopropili ya asilimia 99 mpaka usikike ukilia kwii, kisha aukate kwa kikatio chenyewe, si kwa mkasi. Asipulize ncha na asiiguse baada ya hapo. Vipande vilivyokatika avibandike kwenye selotepu. Ni vioo, vikiingia kwenye kidole au kwenye jicho la mjukuu havionekani. Na usichungulie ncha ya waya uliounganishwa: mwanga wake hauonekani kwa macho, lakini upo.

Atazame na konekta. Ya kijani uso wake umekatwa mshazari wa nyuzi 8, ya buluu hauko mshazari. Ukichomeka kijani kwenye tundu la buluu inaingia vizuri kabisa, ila nyuso hazigusani sawasawa na mwanga unapotea kwa desibeli kadhaa. Kama fundi alibadilisha konekta siku ile, hapo napo pana shaka.

Ule wa chungwa uache dukani. Hiyo ni maltimodi, kiini chake (sehemu ya katikati anakopita mwanga) ni maikromita 50 au 62.5, na laini yako ni singo modi yenye kiini cha 9 hivi. Mwanga ukitoka kwenye kiini kipana kuingia kwenye chembamba, mwingi unamwagika. Njano ndiyo ya kwako, ya G.657.A2, na rangi ya konekta ifuate tundu la modemu.

Lakini kwa mita 40, mama, mimi nisingeigusa faiba kabisa. Iache modemu ilipo, vuta waya wa kawaida wa mtandao wa shaba (unafika mpaka mita 100), huko nyuma weka ruta ndogo. Panya wakiutafuna, kijana wako ataukata na kuweka vichwa vipya mwenyewe, bila kumsubiri fundi.